Winga wa Mwalimu

Mwalimu alikuwa na mtu mmoja aliyependa kumsimulia kuliko wote, na mtu huyo hakuwa mtakatifu, hakuwa mwanasiasa, wala hakuwa wa ukoo wake. Alikuwa Mwingereza, mtoto wa mchimba makaa ya mawe, aliyecheza mpira kwao katika miaka ile ya kati ya vita viwili vya dunia. Alikuwa winga wa kulia. Goti likamharibikia, mpira ukaisha, na baada ya mizunguko mingi akajikuta Uru, mlimani juu ya Moshi, kwenye shamba kubwa la walowezi, akitengeneza mashine za kumenya kahawa. Sisi tuliosoma kwa Mwalimu tulimjua Mwingereza huyo kuliko tulivyowajua baadhi ya babu zetu, ingawa aliondoka kabla hatujazaliwa.

Ninataka kuandika habari za Mwalimu mwenyewe. Nimejaribu mara kadhaa kumtenga na winga wake, nimeshindwa.

Kitu cha kwanza ambacho kila mtu atakuambia juu yake ni maswali. Kwenye bucha alikuwa anamuuliza muuza nyama kwa nini ameanza kukata paja badala ya mbavu, na akijibiwa anauliza nani alimfundisha. Alimuuliza padri kama malaika wanachoka. Aliwahi kusimama kwenye foleni ya hospitali mjini Moshi, mgonjwa kweli, ana homa, akamhoji daktari juu ya mkoba wake wa ngozi mpaka watu wa nyuma wakaanza kuguna. Ukimletea habari yoyote, neno lake la kwanza lilikuwa, "Nani alikuambia?" Hakulisema kwa ukali. Alilisema akiinama kidogo, kama mtu anayetaka kusikia jina la mgeni vizuri.

Darasani hali ilikuwa mbaya zaidi. Alitufundisha Jiografia, Historia na Hesabu, darasa la sita na la saba, na hakuna somo ambalo halikupata njia ya kupitia kwa winga. Makaa ya mawe tuliyajua kwa baba yake, aliyerudi nyumbani kila siku mweusi mpaka ndani ya masikio, akaogea kwenye beseni mbele ya moto. Barafu tuliijua kwa viwanja vya kwao wakati wa baridi, vigumu kama sakafu ya saruji. Sisi tuliozaliwa chini ya Kibo, tunaiona theluji kila asubuhi mawingu yakiwa hayapo, tulifundishwa theluji ya Uingereza. Pembe za hesabu zilikuwa krosi: mpira upigwe kutoka wapi, kwa pembe gani, ili golikipa asiufikie.

Siku aliyotufundisha kuotea ninaikumbuka kama jana. Alimwaga buni mezani, akazipanga. Nyekundu timu hii, kijani timu ile.

"Zamani," akasema, "mpira ukipigwa, mshambuliaji alitakiwa awe na wapinzani watatu mbele yake. Si wawili kama sasa. Watatu. Basi beki mmoja mjanja anapanda mbele hatua chache tu, na kila mtu ameotea. Filimbi, filimbi, filimbi. Watu wakachoka kutazama. Wakubwa wa mpira wakakaa kikao. Wakafuta tatu, wakaandika mbili."

Akaondoa buni moja ya kijani, akaiweka mfukoni.

"Tazameni sasa. Winga wetu ana mbio. Mwaka jana mbio zake hazikuwa na pa kwenda. Mwaka huu njia iko wazi mpaka langoni. Yeye amebadilika nini?"

"Hajabadilika, Mwalimu."

"Hajabadilika hata kidogo. Mtu asiyemjua, ofisini, amefuta tarakimu moja, na yeye akawa mchezaji mkubwa. Nani ana tarakimu yake hapa?"

Msichana mmoja wa nyuma, ambaye kwao walikuwa watoto tisa, akanyoosha mkono. "Alama za kwenda sekondari, Mwalimu. Wakipunguza kumi tu, mimi naenda."

Mwalimu hakumwambia aongeze bidii, kama walimu wengine wangefanya. Alisema, "Ndiyo. Hiyo ndiyo." Akafuta ubao taratibu, somo likaisha kabla ya kengele.

Maisha ya winga, kama tulivyoyapokea, yalikwenda hivi. Akiwa na miaka kumi na minne alishushwa shimoni kuchimba na baba yake. Jumamosi alicheza timu ya wachimbaji. Mtu mmoja wa klabu ya mji wa jirani, mji wa viwanda na moshi, akaja kumtazama mshambuliaji mwingine kabisa, akaondoka na yeye. Akapewa viatu vipya vya ngozi vyenye njumu za kupigiliwa misumari, akaviloweka kwenye maji ya moto na kuvivaa vibichi ili vishike umbo la mguu. Mpira ulikuwa wa ngozi, umefungwa kwa kamba kama kiatu. Mvua ikinyesha ulikunywa maji na kuwa mzito, na ukiupiga kichwa upande wenye kamba unachanika paji la uso. Winga mzuri, Mwalimu alisema, alikuwa anaupiga krosi ili kamba zimtazame golikipa, si mwenzake. Sijui kama jambo hilo linawezekana. Mwalimu alisema linawezekana.

Alicheza misimu saba. Akapendwa. Kisha, kwenye uwanja ulioganda, beki akamwangukia gotini. Wakampasua, wakamshona, lakini mbio hazikurudi. Na hapa Mwalimu alikuwa anasimama kueleza jambo lililomkera miaka yote: klabu haikumchezesha tena, na bado haikumwachia akacheze kwingine. Alikuwa mchezaji wao kwenye makaratasi. Mpaka wamwandikie barua ya kumwachia, hana ruhusa ya kuvaa jezi ya mtu mwingine.

"Ni kama ng'ombe wa kuwekeshwa," alisema, na hapo hakuna aliyehitaji maelezo, maana nyumba nyingi Uru zilikuwa na ng'ombe aliyelala kwao na kukatiwa majani kwao, ilhali mwenyewe anaishi kijiji kingine. "Tofauti ni kwamba ng'ombe wetu anapewa majani."

Alipoachiwa, miaka ilikuwa imekwenda. Akarudi shimoni. Vita vya pili vikamtoa huko, vikamfanya fundi wa magari ya jeshi na kumleta Afrika Mashariki. Siku moja mawingu yakafunguka akauona mlima, na vita vilipokwisha akatafuta kazi itakayomrudisha.

Mwalimu alikutana naye akiwa kijana aliyetoka chuo cha ualimu, kazi yake ya kwanza. Walimu na vijana wa vihamba vya jirani, yale mashamba ya ukoo ya migomba na kahawa, walikuwa na kiwanja chao, na anayeijua Uru anajua maana ya kiwanja huko: sehemu ya mteremko ambayo migomba haijapandwa. Mpira ukitoka upande wa chini unaingia korongoni, na aliyeutoa ndiye anayeufuata. Jioni moja Mwingereza akapita akichechemea, akasimama, akatazama kwa muda, kisha akaita kwa Kiswahili chake cha shambani.

"Wewe! Kwa nini piga mpira kama nafukuza kuku?"

Aliyeulizwa alikuwa Mwalimu. Mtu mwingine angekasirika au angecheka. Yeye alimsogelea akamwamkia, akasema, "Nifanyeje, Bwana?" Ndivyo ilivyoanza. Kila Alhamisi, kwa miaka mitatu, Mwingereza alikuja kuwafundisha. Alichora kwa fimbo kwenye udongo. Aliwafundisha kuutumia mteremko: unaposhambulia kwenda chini usikimbie na mpira, uachie, utakusubiri.

Mwalimu hakumpamba mtu huyu. Hilo nataka lieleweke. Alituambia wazi kwamba shambani Mwingereza alikuwa na mdomo mchafu, kwamba watu wazima wenye wake na watoto aliwaita "boi", na kwamba siku moja alimtupia fundi mwenzake spana. "Siku sita tulikuwa maboi," alisema Mwalimu. "Alhamisi kiwanjani tulikuwa na majina, na aliyakumbuka yote." Mwanafunzi mmoja akamuuliza, basi alikuwa mtu mzuri au mbaya? Mwalimu akajibu kwamba hilo nalo lilikuwa kwenye daftari.

Daftari lilikuwa la kawaida, la mistari, la jalada la buluu lililofifia. Juu yake aliandika "Maswali." Mwingereza aliondoka miaka ya uhuru, ghafla, kwa lori, siku ambayo Mwalimu alikuwa darasani, na hawakuagana. Hakukuja barua. Kwa hiyo Mwalimu akawa anaandika kila swali ambalo angemuuliza. Beki aliyekuvunja goti aliwahi kuja kukuona? Mama yako alikuja uwanjani? Uliporudi shimoni, wenzako walikusema nini? Kwa nini ulitupa ile spana? Nilipoliona mara ya kwanza lilikuwa na kurasa zaidi ya arobaini, na maswali mengine yalikuwa yameandikwa mara mbili, kwa kalamu tofauti, kama kwamba yalimrudia baada ya miaka.

Mkewe, ambaye sote tulimwita Bibi, alikuwa na maoni yake. Alimkumbuka Mwingereza vizuri. Alikuwa anakuja pale nyumbani kula mtori wa ndizi. "Alikuwa mtu wa kunyamaza," aliniambia siku moja, mimi nikimsaidia kumenya ndizi. "Anakula, anashukuru, aika, anakwenda. Maneno yote haya mume wangu anayatoa wapi, mimi sijui." Nililichukulia kama utani wa mke kwa mume. Sasa najua alikuwa anasema kitu alichokiona.

Maana kulikuwa na ile mechi. Mara moja kwa mwaka, siku ya mwisho kabla ya kufunga shule, Mwalimu alisimulia jinsi winga alivyoichezea timu ya taifa ya Uingereza. Mechi moja tu, kabla ya goti. Darasa zima lilikuwa linaijua kwa moyo, na hakuna aliyethubutu kukohoa. Alisafiri kwa treni, kisha kwa meli, hakula kitu. Uwanja ulikuwa tope. Watu wamejaa mpaka wengine wamekaa juu ya mapaa. Dakika za mwisho anapata mpira pembeni, anampita wa kwanza, anampita wa pili, anaupiga krosi huku anaanguka, na akiwa amelala kwenye matope, bila kuona, anasikia kelele. Mwalimu alikuwa ananyamaza hapo. Halafu anasema, "Goli. Kwa sikio lake tu alijua." Tulikuwa tunatoka nje tunakimbia kama wendawazimu.

Mwalimu huyohuyo, kumbukeni, alimrudishia mwanafunzi insha nzima kwa sababu aliandika ameona chui Shirimatunda, kumbe chui huyo alionwa na mjomba wake.

Mimi nilikua nikawa mwongoza wageni mlimani. Nimekwea mara nyingi kuliko ninavyoweza kuhesabu, na wageni wangu wengi ni Waingereza. Kwa miaka mingi sikuwaza kuunganisha mambo hayo mawili. Kisha, msimu mmoja wa karibuni, nilipata mgeni mzee, mstaafu wa reli, anayetembea polepole na kuongea sana. Tulipokaa kula chakula cha mchana pembeni ya njia, akanieleza juu ya klabu ya kwao, kwamba yeye na wenzake wawili wanakusanya habari za wachezaji wa zamani. Mji alioutaja ulikuwa ule mji wa viwanda na moshi. Nikamtajia jina la winga.

Aliweka kikombe chini. "Umelisikia wapi jina hilo?" akauliza, na nikamsikia Mwalimu kabisa.

Tuliposhuka nilimpelekea mgeni nakala za kurasa za daftari, ambalo Mwalimu aliniazima, nimezitafsiri kwa Kiingereza changu. Alikwenda nazo kwao. Baada ya wiki chache majibu yakaanza kuingia kwenye simu yangu. Kwanza picha: wachezaji kumi na mmoja wamefunga mikono kifuani, na wa mwisho kulia ni kijana mwembamba mwenye masikio makubwa, anayemtazama mpiga picha kama anamdai maelezo. Lile swali la mama lilipata jibu: mama alikuja uwanjani mara moja, akaondoka mapema kwa sababu watu walikuwa wanamtukana mwanawe. La beki pia: alikuja hospitali, na baadaye walikuwa marafiki.

Halafu ukaja ukurasa wa gazeti la zamani juu ya timu ya taifa. Jina la winga lilikuwepo kweli. Lilikuwa chini kabisa, peke yake. Mgeni aliniandikia kwa upole: aliitwa kama mchezaji wa akiba. Siku hizo hakukuwa na kubadilisha mchezaji katikati ya mechi. Wa akiba alisafiri na wenzake ili mtu akiugua njiani awepo wa kuziba. Hakuna aliyeugua. Alikaa jukwaani na koti lake, akatazama, wakarudi. Hakuitwa tena.

Nilikaa na habari hiyo siku kadhaa. Nilikwenda Njoro kwa binti wa Mwalimu, ambaye ana duka la vitambaa, nikamwonyesha. Alisoma mara mbili.

"Usimwambie," akasema.

"Dada, ni Mwalimu. Akijua nilijua nikanyamaza?"

"Baba ana karibu miaka tisini. Mama ameshatangulia. Hana kitu kingine. Muache na goli lake."

Nilitoka pale nimekubali kunyamaza. Nilipanda Uru Jumamosi nikiwa na zile picha nyingine tu, zile njema. Mwalimu alikuwa amekaa nje, kwenye kiti chake cha mbao, blanketi mapajani.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu. Umeleta nini?"

Nilimwonyesha picha. Aliikuza kwa vidole viwili, kama nilivyomfundisha, akatazama masikio, akacheka. Nilimpa jibu la mama na jibu la beki. Alifunga macho akisikiliza. Kisha akayafungua.

"Na ile mechi?"

Nilisema bado wanatafuta. Nilikuwa sijawahi kumdanganya katika maisha yangu, na nadhani hata sauti ilikataa.

"Nani alikuambia uninyime?" akauliza.

Basi nikamwambia yote. Akiba, koti, jukwaa. Nilitazama chini wakati ninasema. Nilipoinua uso hakuwa analia wala hakuwa ameshtuka. Alikuwa anatikisa kichwa taratibu, kama mtu aliyepewa kipimo cha kitu alichokuwa anakikadiria kwa macho.

"Alikaa upande gani wa jukwaa?"

"Sijui, Mwalimu."

"Aliyecheza nafasi yake alikuwa nani? Alicheza vizuri?"

"Nitauliza."

"Uliza. Sasa sikiliza na ya kwangu. Yeye hakunidanganya. Alisema neno moja, siku moja tu, kule kwenye mashine: nilikwenda na timu ya taifa. Nikamuuliza, ikawaje? Akachukua spana akaingia chini ya mashine. Alikaa huko saa nzima na mashine ilikuwa nzima."

"Kwa hiyo ile krosi..."

"Mwaka wa kwanza niliwaambia watoto vilevile alivyosema: alikwenda na timu ya taifa. Mmoja akauliza, alifunga? Ningesema sijui. Ni neno jepesi, nimewalazimisha wengine walitamke maisha yangu yote. Lakini walikuwa wananitazama. Nikasema hakufunga, alitoa pasi. Niliona pasi ni uongo mdogo kuliko goli. Mwaka uliofuata ile pasi ikapata matope. Mwaka wa tatu akaanguka." Akapangusa macho kwa kona ya blanketi. "Mwisho nilikuwa naisikia mwenyewe ile kelele, mwanangu. Naisikia kabisa."

Nilimwambia haina neno, sote tuliipenda. Alinikatiza. Alitaka kujua Jumapili hiyo misa ya pili inaanza saa ngapi.

Jumapili, baada ya misa, katekista alipomaliza matangazo, Mwalimu aliomba nafasi. Alikwenda mbele kwa fimbo, na kwa mkono wa kushoto alishika jani la sale, lile tunalopanda kwenye mipaka ya vihamba, ambalo kwetu mtu akikuletea akiomba msamaha huwezi kumkatalia. Watu walidhani kuna ugomvi wa mpaka.

"Waliosoma kwangu wasimame," akasema.

Walisimama wengi. Wengine walikuwa na mvi, wengine walishika wajukuu. Akawaambia, kwa sauti ileile ya darasani, kwamba winga hakuichezea timu ya taifa. Alikwenda, akakaa jukwaani. Krosi, matope, kelele, vyote ni vya Mwalimu mwenyewe, na amewafundisha uongo huo kwa miaka yote aliyoshika chaki.

Muuza nyama, yule wa bucha, ndiye aliyeuliza kwanza. "Mwalimu, kwa hiyo lile goli halikuwepo?"

"Sijui kama lilikuwepo goli. Najua si lake."

Mwanamume mmoja aliyekuwa amesimama karibu na mlango akasema kwa hasira ya kweli, "Mimi nimewasimulia wanangu! Nimewasimulia kazini, Arusha!"

"Basi nenda ukawaambie tena," Mwalimu akajibu. "Mimi nimekuja kwenu, ninyi mtakwenda kwao."

Mtu huyo alitoka nje. Nilimwona Mwalimu anamfuata kwa macho mpaka mlango ulipofungwa, na kwa mara ya kwanza nikaona ameumia. Ndipo mama mmoja akatoka kwenye benchi lake, akaenda mbele akalipokea lile jani kwa mikono miwili. Alikuwa yule msichana wa alama kumi. Hazikupunguzwa, hakwenda sekondari, amefuga ng'ombe wa maziwa na kusomesha watoto wanne. Alilishika lile jani, akasema, "Mwalimu, tukae sasa?" Watu wakacheka, wakakaa.

Baada ya hapo afya yake ilishuka, ingawa binti yake hakunilaumu. Mara ya mwisho kumwona ilikuwa mchana wa masika, mvua imekatika, kahawa inachanua. Alikuwa amelala kitandani karibu na dirisha. Nilikuwa na kitu kipya: mgeni wangu alikuwa amepata habari za miaka ya mwisho ya winga, kwenye jarida dogo la klabu.

Nilimwamkia, nikavuta kiti, nikaanza kumtafsiria. Winga alirudi mji wake. Klabu ileile iliyomfungia ikampa kazi ya kutunza uwanja, akakata majani yake mpaka uzeeni. Hakuoa. Vijana wa timu walikuwa wanamzunguka wakati wa chai, na hadithi yake kubwa haikuwa ya wakati wake wa kucheza. Ilikuwa ya timu aliyoifundisha Afrika, kwenye mteremko wa mlima wenye theluji. Timu hiyo, aliwaambia, haikufungika. Iliwapiga Kibosho, ikawapiga Machame, ikashuka kwa lori mpaka Tanga na kuwapiga watu wa pwani mbele ya mkuu wa wilaya. Na kulikuwa na mwalimu mmoja kijana kwenye timu hiyo ambaye hakumaliza kuuliza maswali, na yeye mpaka leo anajuta kwamba hakumjibu.

Niliacha kusoma. Mwalimu alikuwa anatazama dari.

"Mwalimu? Mlikwenda Tanga?"

Kifua kilianza kumtikisika. Nilidhani ni kikohozi, nikainuka nimwite binti yake. Alikuwa anacheka.

"Tanga!" akasema alipopata pumzi. "Hatukuwa na nauli ya kushuka Moshi mjini. Hatukushinda hata mechi moja, mwanangu. Miaka mitatu! Kibosho walitufunga mpaka refa akawaomba wapumzike."

Miaka yote hiyo, na maswali yote aliyotufundisha kuuliza, hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kumuuliza hilo.

"Nimwandikie mgeni?" nikasema. "Wao huko wamelichapisha. Nimwambie wasahihishe?"

Alifikiri. Nje, mtu alikuwa anapita na mzigo wa majani ya ng'ombe, akatoa salamu kwa sauti. Mwalimu akainua mkono bila kutazama.

"Ya kwangu nimeisahihisha," akasema. "Ya kwake muachie."

Kisha akajivuta juu kidogo kwenye mto, akalisogeza sikio lake linalosikia vizuri upande wangu.

"Soma tena," akasema. "Anzia pale tuliposhinda."